Hamira na Tambi za Mumunye

Jina lake halisi lilibaki kwenye kitambulisho na kinywani mwa marehemu mkewe. Wengine wote, kuanzia mwenye bekari hadi watoto waliotumwa mkate wa asubuhi, walimwita Hamira, naye aliitika bila kinyongo. Alianza kuoka ndevu hazijaota. Alikanda unga kwenye bekari ileile na kusimama mbele ya tanuri lilelile la matofali, nyusi zikiungua na kuota upya kama nyasi za kando ya njia, hadi zilipoamua kuota nyeupe.

Alipooa, mwenye bekari alimpa chumba nyuma ya jengo. Kilikuwa chumba kimoja kirefu, kitanda upande huu, meza na jiko upande ule, na kilikuwa na utajiri mmoja tu: ukuta wake wa nyuma ndio uliokuwa mgongo wa tanuri. Mwaka mzima ukuta ule ulikuwa na vuguvugu. Mkewe alianika hapo nepi za binti yao. Aliegemeza hapo kiuno kilipomuuma. Mwishoni, alipougua ugonjwa ambao haukutaka kuondoka bila yeye, aliomba kitanda kisogezwe mpaka kigusane na ukuta. Alifia hapo, mgongo wake ukiwa na joto, na Hamira akajiambia kwamba angalau hilo alimpa.

Kisha mwenye bekari akafa naye, warithi wakaleta oveni ya umeme, wakaiweka mbele karibu na kaunta ili wateja waione. Tanuri la matofali likazimwa. Ukuta ulikaa siku chache kama unaaga, ukapoa, na haukupata moto tena. Hamira aliendelea kulala akiuegemea kwa mazoea, mpaka asubuhi moja akaanguka kazini, trei la mikate likamfuata chini. Hospitali wakamwambia ana kisukari, tena cha siku nyingi. Wakamwambia apumzike kazi na apunguze unga, wali, viazi na kila kitu cha jamii hiyo.

"Mkate je?" aliuliza.

Daktari alimtazama, akatazama vidole vyake vyenye makovu ya moto, akaona haya kujibu. Akamwachia binti wa Hamira ajibu.

Binti yake alikuwa mwalimu wa udereva. Kazi yake ilikuwa kukaa kiti cha kushoto au cha kulia, kutegemea gari, kando ya watu wanaotetemeka, mguu wake ukiwa juu ya breki ya pili, ile ya mwalimu. Kazi ile ilikuwa imemwingia mwilini. Hata akiwa amekaa kwenye kiti cha kawaida cha baba yake, mguu wake ulikuwa kama unatafuta kitu cha kukanyaga.

"Baba, unahama," alisema siku alipomtoa hospitali. "Unakuja kukaa kwangu. Watoto wanalala chumba kimoja, wewe unachukua kile kingine."

"Sihami."

"Nani atakupikia?"

"Mikono hii imelisha mtaa mzima, leo ishindwe na tumbo moja?"

"Imeulisha mkate, Baba. Mkate ndio umekulaza hospitali."

"Naweza kujifunza kingine."

"Kila siku nakaa na watu wanaosema wanaweza. Wote wanaweza, mpaka nitoe mguu kwenye breki."

"Basi nipe mtihani, kama unavyowapa hao."

Alisema kwa utani. Lakini binti yake hakucheka. Alikunja mikono kifuani, akatafakari.

"Haya. Jumapili mchana nakuja. Unipikie chakula kisicho na unga, wali wala kiazi. Nikuone ukipika, nile, nishibe. Ukiweza, unabaki hapa na sitakusumbua tena. Ukishindwa, gari liko nje na maboksi nimeshayatafuta."

"Umeyatafuta lini?"

"Baba."

"Nauliza tu. Mtu hupenda kujua sanduku lake limechongwa lini."

"Baba! Usinianzie maneno hayo."

Kabla ya kuondoka aliinama chini ya meza, akautoa mfuko wa unga pamoja na kopo la hamira, akavipakia kwenye buti la gari. Hamira alisimama mlangoni akitazama. Alitamani kumwambia asiulaze unga karibu na gurudumu la akiba kwa sababu unashika harufu ya mpira.

Mtu mwenye roho nzuri akimwona mzee peke yake, wazo la kwanza linalomjia ni kumhamisha. Tunawahamisha wazee kama makabati: tunapima upana wa mlango, tunatafuta kona iliyo wazi, halafu tunasimama katikati ya sebule na kusema hapo pamekaa vizuri. Kabati haliulizwi lilikuwa limeegemea ukuta gani. Binti wa Hamira hakuwa na ubaya hata chembe. Alimpenda baba yake, na usiku wa siku ile alipoanguka hakufumba jicho. Lakini hakujua habari za ukuta. Alikulia kwenye joto lake mpaka akalizoea, na baba yake hakuwahi kupata maneno ya kumwambia kwamba kuhama pale ni kumwacha mama yake peke yake.

Basi mambo yote yakategemea sahani moja ya chakula.

Kesho yake binti alimtumia maelezo kwa sauti kwenye simu. Hamira aliyasikiliza akiwa amesimama, kama mtu anayesikiliza taarifa ya habari.

"Baba, sikiliza mpaka mwisho, usizime. Unachukua mamumunye machanga, unayachana marefu membamba kama tambi. Unayatia chumvi kidogo, unayaacha. Unakaanga kitunguu saumu na mafuta ya zeituni, unatia nyanya ndogondogo, zeituni nyeusi, unamwagia hizo tambi, unazungusha mara mbili tatu tu, unaepua. Juu unaweka mrehani, limau, na ile jibini nyeupe ya chumvi. Ndiyo imekwisha. Ni cha chapuchapu, hata sufuria haijui kama umepika. Ndivyo wanavyokula watu wa pande za Bahari ya Mediterania, na wanaishi miaka mingi kweli."

Hamira alibonyeza kitufe akajibu: "Wanaishi miaka mingi kwa sababu ya zeituni, au kwa sababu wana watu wa kula nao?"

Hakujibiwa. Pengine mwanafunzi alikuwa anakata kona.

Akaenda kwa muuza mboga wa pale kona, mwanamke mwenye sauti ya kuuzia mnada, aliyefahamiana naye tangu mama huyo alipokuwa anachukua mikate ya jana kwa ajili ya kuku wake.

"Hamira! Mamumunye? Umeanza kufuga sungura?"

"Sungura ni mimi."

"Basi chukua na karoti, upate macho ya kutafutia mke."

"Macho ninayo. Nataka mrehani."

"Wa kunusa au wa kutia kwenye chakula?"

"Wa kutia kwenye chakula."

"Ahaa! Sasa nimeelewa. Mgeni ni mwanamke."

"Ni mwanamke. Ana leseni ya madaraja yote na anakuja na maboksi."

Muuza mboga alicheka mpaka akashika meza, ingawa hakuelewa, kisha akamwongezea limau bila kuombwa. Mafuta ya zeituni yalimsumbua. Aliyaulizia duka la dawa, akaonyeshwa kichupa cha kupaka watoto wachanga, na muuzaji akamwonya asije akayaweka jikoni. Akayapata duka kubwa, rafu moja na zeituni zenyewe, zilizokaa kwenye chupa ya maji ya chumvi kama macho yanayokushangaa.

Alifanya jaribio la kwanza mchana uleule. Kuchana hakukumpa shida. Mkono uliochora mistari juu ya mikate maisha yote ulishusha kisu kwenye mumunye kwa urefu wake, ukatoa utepe juu ya utepe, kisha ukazipasua tepe hizo kuwa nyuzi za kijani zenye unene mmoja. Ziliporundikana kwenye bakuli alijiona fundi tena. Akanyunyiza chumvi. Binti alisema, unayaacha.

Sasa, mwoka mikate akiambiwa aache kitu, anajua namna moja tu ya kukiacha. Hamira alilowesha kitambaa safi, akakikamua kidogo, akakifunika juu ya bakuli kila upande, na kulisogeza bakuli kwenye ukuta, mahali palipokuwa na joto zamani. Kisha akatoka, akaketi kibarazani kwa muda ambao donge la unga huhitaji kuumuka. Alikaa kwa raha. Kwa mara ya kwanza tangu aanguke alikuwa na kitu ndani kinachomsubiri.

Aliporudi na kufunua kitambaa, tambi zilikuwa zinaogelea. Zimelegea kama kamba za viatu vilivyonyeshewa. Alizimimina hivyohivyo kwenye kikaango, mafuta yakapiga kelele na kuzimika, na kilichotoka kilikuwa supu ya rangi ya kijani yenye zeituni zinazoelea. Aliila kwa kijiko. Ilikuwa ni jambo la kuchekesha, na alijua kabisa mkewe angechekaje: angeweka kiganja mdomoni, aseme "mume wangu umeoka mto," na acheke tena usiku akikumbuka. Hamira alijaribu kucheka kwa niaba yake. Sauti iligonga ukuta ikarudi, akaona bora aendelee kula.

Wakati anaosha bakuli ndipo alipoelewa. Maisha yake yote alikuwa mlinzi wa maji. Donge likikauka ngozi limeharibika, kwa hiyo unalifunika, unalilowesha, unalikinga na upepo kama mtoto mchanga. Na hapa kilikuwa chakula kinachotaka kinyume chake: maji yatoke, yakamuliwe, yafukuzwe. Chumvi ilikuwa imeyaita maji nje, na yeye akayafungia mlango yasipite.

Siku iliyofuata hakufunika. Alizitandaza tambi kwenye kitambaa kikavu, akanyunyiza chumvi, akazitazama zikitoka jasho, kisha akaviringisha kitambaa na kukinyonga kwa mikono miwili mpaka maji ya kijani yakatiririka kwenye beseni. Kikaango kikapata moto kweli. Kitunguu saumu kiligeuka rangi, nyanya zikapasuka, zeituni zikang'aa, tambi zikaingia na kutoka kabla hazijajua ziko wapi. Akakamulia limau, akachanachana mrehani kwa vidole, akavunja jibini juu yake.

Akala. Kilikuwa chakula kitamu! Tambi zilikuwa na ukakamavu kidogo kwenye meno, chumvi ya jibini ikipigana na uchachu wa limau, na mrehani ukipita katikati yao kama mtu anayeamua ugomvi. Alimaliza, akapangusa sahani kwa kidole kwa kukosa mkate. Akaosha sahani, kikaango na kisu, akaviinamisha vikauke.

Halafu akainua macho. Mwanga wa jua ulikuwa bado palepale kwenye sakafu, haujasogea hata kufikia mguu wa kitanda.

Aliketi. Mkate ulikuwa unamlia siku nzima. Ulimwamsha alfajiri, ukamwambia ngoja, kanda, ngoja tena, washa, geuza, ngoja. Kati ya kungoja na kungoja watu walipita, wakaongea, mke akaleta chai, mtoto akalala kwenye gunia. Hata alipobaki peke yake mkate ulikuwa unamshughulisha. Sasa amejifunza kupika chakula kinachokwisha kabla hakijaanza, na mbele yake imebaki alasiri yote, ndefu, tupu, haina pa kushikia. Wanaosifia chakula cha haraka ni watu wenye pa kukimbilia. Hakuna aliyewahi kufikiri juu ya mtu anayepika haraka halafu hana pa kwenda. Hamira aliegemeza mgongo kwenye ukuta uliopoa, akasikiliza oveni ya umeme ikilia kengele yake huko mbele, kwa ajili ya watu wengine.

Jumapili binti yake aliingia na funguo mkononi. Kupitia mlango ulioachwa wazi yalionekana maboksi, yamekunjwa bapa kwenye kiti cha nyuma cha gari.

"Shikamoo, Baba."

"Marahaba, mwanangu. Watoto?"

"Wapo kwa shangazi yao. Haya, mtahiniwa, uko tayari?"

"Nifunge mkanda kwanza?"

"Funga aproni." Akacheka kidogo, akavuta kiti, akakaa akiwa amekunja mikono. Mguu wake wa kulia ulikuwa unagusagusa sakafu.

Hamira alichana tambi. Akazitandaza, akazitia chumvi. Kitambaa kingine kikavu kilikuwa kando ya beseni, na beseni lilikuwa na maji. Ndipo lilipomjia wazo ambalo hakulitarajia. Angeweza kukilowesha. Kukilowesha tu, kuzifunika tambi na kuongea na mwanawe hadi zilegee kwa maji. Supu ingetoka, mtihani angeshindwa, maboksi yangefunguliwa. Jioni hiyohiyo angekuwa kwa binti yake, penye wajukuu wanaopigania rimoti, na mtu wa kumuuliza amelalaje. Asingelazimika kuomba. Angekuwa ameshindwa tu, na mtu aliyeshindwa hubebwa.

Alikichukua kile kitambaa. Akakishika juu ya maji.

"Hicho cha nini?" aliuliza binti.

Hamira alitazama ukuta, kisha mguu wa binti yake ulioegemea breki isiyokuwepo. Aliona atakavyoishi kule: atavukishwa barabara, ataonjewa chakula, atazimiwa taa. Atakuwa abiria. Na huku nyuma chumba kitapakwa rangi, pawekwe magunia, na hakuna atakayejua nani alilala hapo akipashwa mgongo. Kitu alichokitaka kilikuwa kidogo kuliko kubebwa, na kigumu zaidi kukisema. Alitaka abaki pale, na watu waje.

"Cha kukamulia," alijibu, akakirusha mabegani kikiwa kikavu.

Yaliyobaki yalikwenda kama maji. Kamua, kaanga, zungusha, epua. Akaweka sahani mbili mezani na binti yake akashika uma. Alionja kwa mashaka, kama anavyoingia kwenye gari la mwanafunzi mpya. Akatafuna. Akala tena bila kuangalia pembeni. Mguu ukatulia.

"Baba."

"Niambie."

"Ni kitamu. Kitamu kweli. Mimi nikikipika kinatoka maji."

"Usikifunike."

"Sikifuniki."

"Basi unakionea huruma. Kikamue hasa."

Alicheka, akala mpaka sahani ikawa nyeupe, akashika tumbo. "Nimeshiba. Umefaulu, Baba. Ahadi ni ahadi." Akatazama simu yake. "Mungu wangu, nilidhani tutakaa hapa mpaka jioni. Kumbe nawahi hata kuwachukua watoto kabla hawajamchosha shangazi yao!"

Akasimama. Akambusu babaye kwenye paji, akakumbusha dawa, akakumbusha viatu vya kufunika vidole. Furaha yake ilikuwa ya kweli, na ilikuwa na haraka. Hamira alimfuata hadi nje akijifuta mikono ambayo ilikuwa mikavu tayari. Alikuwa ameshinda. Chumba ni chake, ukuta ni wake, na mchana wote uliobaki ni wake.

Binti alifungua buti aweke mkoba wake. Mfuko wa unga ulikuwa bado humo, umelala ubavu.

"Uusogeze," alisema Hamira. "Hapo kwenye gurudumu unashika harufu ya mpira."

Akausogeza. Hamira hakurudi ndani.

"Ukija tena, njoo nao. Njoo na watoto. Niwafundishe mkate."

"Baba, wewe huruhusiwi mkate."

"Wa kula wao. Mimi nakanda tu."

"Unachukua muda gani?"

"Siku nzima. Mje asubuhi."

Binti alishika mlango wa gari, akamtazama. "Siku nzima? Zamani ulikuwa unasema unamaliza asubuhi, na saa nne watu wameshakula."

"Ule ulikuwa wa kuuza."

Mwalimu wa udereva alibaki ameshika mlango. Gari lingine lilitaka kupita, likapiga honi, naye akalipungia mkono lisubiri, jambo ambalo huwagombeza sana wanafunzi wake wanapolifanya.

"Jumapili ijayo nina mitihani ya watu," alisema hatimaye. "Ile ya baada yake."

"Hiyo si mbaya."

"Asubuhi."

"Asubuhi. Mkate haumpendi mtu wa haraka."

Gari likaondoka, limechukua unga na maboksi yake. Hamira alirudi ndani. Meza ilikuwa na sahani mbili, na kulikuwa na maji ya kijani kwenye beseni. Aliosha sahani moja polepole, akaipangusa, akaiweka. Ya pili akaiosha polepole zaidi. Kitambaa alichokamulia alikitandaza kwenye ukuta wa nyuma, palepale nepi zilipokuwa zinakauka upesi, akaketi kando yake. Kingechukua muda mrefu kukauka sasa. Hakuwa na haraka, alikaa akikitazama.